Mohamed Amin na Kamera Yake

Ndugu Mhariri aliponiandikia kuniomba makala ya historia kwa ajili ya toleo hili, nadhani alitazamia kwamba nitaandika juu ya majengo yetu ya zamani, au juu ya walimu wakuu waliopita, au juu ya ile pampu ya maji iliyokuwa haikosi kuharibika kila ifikapo mwezi wa kumi. Mambo hayo wenzangu wamekwisha kuyaandika vizuri katika matoleo yaliyotangulia. Mimi naomba ruhusa niandike juu ya mtu ambaye hakusoma shuleni kwetu wala hakuwa Mpare, lakini ambaye jina lake nililisikia kwa mara ya kwanza nikiwa nimekaa juu ya ngazi ya bweni, hapa hapa Same.

Ilikuwa Jumapili, tarehe 24 Novemba 1996. Wa kidato cha nne walikuwa wamekwisha maliza mitihani yao na kuondoka, na sisi wa kidato cha tatu tulijiona wakubwa wa shule. Mwenzetu mmoja alikuwa na redio ndogo ya betri, nasi tulikuwa tukisikiliza taarifa ya habari ya Idhaa ya Kiswahili ya BBC. Ilitangazwa kwamba ndege ya Ethiopia iliyotekwa nyara siku iliyotangulia ilikuwa imeishiwa mafuta na kuanguka baharini karibu na Ngazija, na kwamba miongoni mwa waliokufa alikuwamo mpiga picha wa Nairobi aitwaye Mohamed Amin. Jina hilo halikutuambia kitu. Lakini mwalimu wetu wa historia, ambaye siku hiyo alikuwa mwalimu wa zamu, alisimama ghafla, akasema, "Huyo ndiye aliyepiga picha za njaa ya Ethiopia." Akakaa nasi pale ngazini, akatueleza mpaka kengele ya kulala ikapigwa, na kengele yenyewe aliichelewesha.

Vijana mlio madarasani sasa sharti mkumbuke kwamba wengi wetu tulikuwa hatujaziona picha hizo. Zanzibar walikuwa na televisheni tangu miaka ya mwanzo ya 1970, lakini Bara haikufika mpaka mwaka 1994, nayo ilianzia Dar es Salaam. Sisi wa Same tuliijua kwa kusimuliwa, na kwa banda la video lililokuwa karibu na kituo cha mabasi, ambako kwenda bila ruhusa kulikuwa na adhabu ya fimbo na kulima. Kwa hiyo mwalimu alikuwa akitueleza picha kwa maneno. Tangu siku hiyo nimekuwa nikikusanya habari za mtu huyu kila nizipatapo.

Mohamed Amin alizaliwa Nairobi tarehe 29 Agosti 1943, wazazi wake wakiwa ni watu wenye asili ya Punjab. Familia ilihamia Tanganyika angali mtoto, akakulia Dar es Salaam na kusoma huko. Kamera yake ya kwanza ilikuwa kijisanduku cha Box Brownie kilichokwisha tumiwa na wengine. Akiwa bado mwanafunzi alianza kupiga picha za mbio za magari za Safari na kuziuza kwa magazeti. Nalitaja jambo hili kwa sababu liliamua maisha yake. Aligundua mapema kwamba picha nzuri isiyofika gazetini kwa wakati si picha, na kwamba kazi yenyewe nusu yake ni kuona na nusu yake ni kusafirisha. Mwaka 1963, akiwa na umri wa miaka ishirini, alianzisha kampuni yake ya Camerapix mjini Dar es Salaam.

Msomaji wa leo, anayepiga picha kwa simu na kuituma ng'ambo kabla hajairudisha simu mfukoni, hawezi kuifahamu kazi hii asipoelezwa ilivyokuwa. Filamu ya habari wakati ule ilikuwa utepe wa milimita 16, nao haukuweza kutazamwa mpaka usafishwe kwa madawa. Mpiga picha alikuwa hajui kwa hakika amepata nini. Aliufunga utepe wake, akauandikia maelezo kwa mkono, akaukimbiza uwanja wa ndege, akatafuta ndege ya kwanza iendayo Ulaya. Kule London shirika la Visnews, ambalo Amin alilifanyia kazi kwa miaka mingi, lilisafisha, likakata, likaviuzia vituo vya televisheni vya nchi nyingi. Watazamaji waliona tukio, lakini jina la aliyelipiga hawakulijua. Aliyewahi ndege ndiye aliyeuza. Aliyechelewa alikuwa amepata hasara ya filamu, ya petroli na ya usingizi.

Kisha yakaja mambo ya 1964. Tarehe 12 Januari yalitokea Mapinduzi ya Zanzibar, na kabla wiki mbili hazijatimia askari wa Colito nao wakaasi Dar es Salaam. Kijana yule aliyezoea kupiga magari ya mbio akajikuta katikati ya habari kubwa kuliko zote za Afrika ya Mashariki, naye alikuwa mwenyeji, anakijua Kiswahili, anaijua bandari na anawajua wenye mashua. Waandishi wa kigeni walikuwa wangali wakitafuta viza. Picha zake za Unguja za siku zile ni katika zile chache zilizobaki, na kila anayetengeneza filamu ya historia ya mwaka ule hana budi kuzitafuta.

Lakini Unguja ile ile ilimgeukia. Mwaka 1966 alikamatwa huko na kuwekwa gerezani karibu mwezi mzima, katika gereza la Kiinua Miguu. Visiwani walikuwako wakati huo wataalamu wa kijeshi wa Urusi na wa Ujerumani ya Mashariki, na mtu mwenye kamera hakuwa mtu wa kuaminiwa. Mimi ni mtumishi wa serikali, na hofu hiyo naijua kutoka upande wa pili wa meza. Mgeni akiingia ofisini na daftari, tunamkaribisha chai. Akiingia na kamera, tunamwuliza barua yake iko wapi. Baada ya kifungo hicho makao yake yakawa Nairobi.

Huko Nairobi, tarehe 5 Julai 1969, Tom Mboya alipigwa risasi akitoka katika duka la dawa barabara ya Government. Amin aliwahi kufika, akaendelea kupiga filamu hata ndani ya gari la wagonjwa, watu wakijaribu kumrudishia Mboya pumzi. Kwa filamu hiyo alipewa Uingereza tuzo ya mpiga picha bora wa televisheni wa mwaka. Wako waliomlaumu, wakiuliza kama mtu anayekata roho hana haki ya kuachwa peke yake. Nami nimeliwaza sana swali hilo, kwa sababu nitakayoieleza mbele kidogo. Hapa nasema tu kwamba isingekuwa filamu hiyo, mauaji yale yangebaki mikononi mwa uvumi peke yake, na uvumi wa wiki ile nchini Kenya ulikuwa tayari unawagombanisha watu.

Mengine nayapitia haraka. Idi Amin alipomwangusha Obote tarehe 25 Januari 1971, Mohamed Amin alikuwa miongoni mwa wapiga picha wa kwanza kumfikia, na kwa miaka iliyofuata alimpiga mara nyingi, kwani dikteta yule alipenda kamera kuliko alivyowapenda mawaziri wake. Askari wetu walipouteka mji wa Kampala mwezi wa Aprili 1979, Idi Amin alikimbia. Mwaka 1980 Brian Barron wa BBC, akiwa na Mohamed Amin kama mpiga picha, alimkuta Jedda huko Saudi Arabia na kumhoji. Sisi tuliopoteza ndugu katika vita vya Kagera tunaweza kuudhika kumwona amekaa salama salimini, lakini ni afadhali kujua alipo kuliko kutojua.

Sasa nafika kwenye jambo lenyewe, nalo ni njaa ya Ethiopia ya 1984.

Kabla yake ilikuwako njaa nyingine, ya Wollo, mwaka 1973. Mwandishi wa Kiingereza Jonathan Dimbleby aliitengenezea filamu ambayo ilionyeshwa Uingereza mwezi wa Oktoba mwaka huo. Mwaka uliofuata wanajeshi wa Addis Ababa waliichukua filamu hiyo, wakaichanganya na picha za karamu za Mfalme Haile Selassie, njaa na keki, njaa na keki, wakaionyesha katika televisheni ya nchi usiku wa tarehe 11 Septemba 1974. Asubuhi yake Mfalme aliondolewa. Sijui mfano mwingine ulio wazi zaidi wa nguvu ya filamu katika siasa za Afrika, na ni wa kutisha pia, maana walioikata filamu ile ndio waliokuja kuificha njaa ya pili.

Kwa kuwa njaa ya 1984 haikuja kwa ghafla. Idara ya misaada ya Ethiopia yenyewe ilitoa ombi kwa mataifa mwezi wa Machi 1984, yenye hesabu na ramani. Mashirika ya misaada yaliandika. Taarifa zilikuwako, zimepigwa chapa, zimegongwa mihuri, zimewekwa katika majalada. Dunia haikutikisika. Na serikali ya Mengistu, iliyokuwa ikiandaa sherehe za Septemba za miaka kumi ya mapinduzi, haikutaka waandishi kaskazini. Sherehe zilipokwisha, Amin alihangaikia vibali, na katikati ya Oktoba alifika Mekele na Korem pamoja na Michael Buerk na Mike Wooldridge wa BBC. Huko maelfu kwa maelfu ya watu walikuwa wamejilaza uwanjani katika baridi ya milimani wakingoja chakula ambacho hakikuwako, na kila asubuhi waliokufa usiku walipangwa mstari. Amin alipiga. Taarifa ya Buerk yenye picha hizo ilitangazwa na BBC tarehe 23 Oktoba 1984, kisha ikachukuliwa na vituo 425 duniani.

Yaliyofuata yanajulikana. Mwimbaji Bob Geldof aliziona picha hizo nyumbani kwake. Mwezi wa Desemba ikatoka sahani ya santuri ya Band Aid, na tarehe 13 Julai 1985 likafanyika tamasha la Live Aid katika London na Philadelphia kwa siku moja. Ndege za serikali za Ulaya na Marekani zikaanza kupeleka nafaka. Amin mwenyewe alirudi, akatengeneza filamu ndefu, African Calvary, kwa sababu alijua kwamba dakika chache za taarifa ya habari hazitoshi.

Hata hivyo naona ni wajibu kusema kasoro. Picha zile zilionyesha njaa, hazikuonyesha sababu zake. Mtazamaji wa Ulaya aliona ukame na watu waliokonda. Hakuona kwamba Tigrai na Eritrea kulikuwa na vita, kwamba jeshi lilichoma mazao na kufunga njia, na kwamba misaada yenyewe ilitumiwa kuwavuta watu wahamishiwe kusini kwa nguvu. Simlaumu mpiga picha peke yake. Angalisema hayo waziwazi, kibali cha pili asingalikipata. Lakini mwanafunzi wa historia akiiona filamu ile, asiishie kulia. Aulize nani alikuwa na bunduki nje ya picha.

Niliahidi kueleza sababu yangu. Mwanzoni mwa 2006, mwaka ule wa ukame ambao hata umeme ulikuwa wa mgao, nilikuwa afisa kijana katika wilaya moja ya tambarare ambayo sitaitaja. Nilitumwa kufanya tathmini ya chakula katika vijiji vitano. Niliandika taarifa ya kurasa 11, yenye majedwali: kaya, magunia, ng'ombe waliokufa, watoto walioacha shule. Niliipeleka panapohusika. Baada ya wiki tatu nilijibiwa kwamba taarifa imepokelewa na kwamba ifanyiwe uchambuzi zaidi. Nikaifanyia uchambuzi zaidi. Nikajibiwa kwamba wilaya zote zinalia njaa.

Hapo nikamkumbuka mwalimu wangu na ile ngazi ya bweni. Nilikwenda kwa mpiga picha wa mjini, yule wa picha za pasipoti na harusi, nikamkodi kamera yake kwa pesa zangu, nikanunua mkanda wa picha 36, nikarudi kijijini. Nilipiga ghala tupu, nilipiga kisima, nilipiga mizoga. Halafu katika nyumba ya mwisho nilimkuta mama amekaa na mtoto mgonjwa mapajani, nikainua kamera, naye akageuza uso ukutani.

Nikamwambia, "Mama, tazama huku kidogo."

Akanijibu, "Mwanangu, utanipiga hivi nilivyo?"

Nikamwambia ni kwa ajili ya chakula. Akageuka, akaitengeneza khanga yake kichwani kwanza, akatazama. Nilipiga mara mbili.

Picha hiyo ndiyo iliyofanya kazi. Niliibandika kwenye ukurasa wa kwanza wa taarifa ile ile, bila kubadili hata tarakimu moja ndani yake, na katika siku kumi malori yalikuwa njiani. Majedwali yangu yalikuwa sahihi tangu mwanzo. Nilipaswa kufurahi, na nilifurahi. Mahindi yalifika, na mtoto yule nilimwona baadaye akikimbia na wenzake. Lakini picha ilizunguka kutoka ofisi hii hadi ile, nikaikuta siku moja imebandikwa kwenye ubao wa matangazo mahali ambapo haikuhusu, watu wakipita na vikombe vya chai. Niliibandua. Mama yule hakuwa ameniruhusu hayo. Basi ninaposoma kwamba watu walimlaumu Mohamed Amin kwa kupiga ndani ya gari la wagonjwa, sina haraka ya kumtetea wala ya kumlaumu.

Maisha yake yaliyobaki yalikuwa mafupi. Waasi walipouteka mji wa Addis Ababa mwishoni mwa Mei 1991, alikwenda. Tarehe 4 Juni ghala la silaha lililipuka mjini humo. Mwenziwe wa sauti, John Mathai, aliuawa, na yeye akapoteza mkono wa kushoto. Madaktari walimfanyia mkono wa bandia, na haukupita muda mrefu akarudi kazini na kamera. Tarehe 23 Novemba 1996 alipanda ndege Addis Ababa kurudi nyumbani Nairobi pamoja na mwandishi Brian Tetley. Watu watatu waliiteka nyara, wakamwamuru rubani aende Australia, naye rubani alipowaambia kwamba mafuta hayatoshi hawakumwamini. Kati ya watu 175 waliokuwamo, 125 walikufa. Walionusurika walisema kwamba Amin alikuwa amesimama, akibishana na watekaji, mpaka mwisho. Mwanawe Salim aliendeleza Camerapix, na mwaka 2006 alitoa filamu juu ya baba yake iitwayo Mo & Me, ambayo haifichi kwamba baba huyo nyumbani alionekana kwa nadra.

Nikitazama milima yetu kutoka dirishani najiuliza ni nani aliyetupiga sisi. Mkomazi imepigwa sana. Vifaru walioletwa kutoka Afrika ya Kusini mwaka 1997 wanajulikana ng'ambo kwa picha; wafugaji walioondolewa humo mwaka 1988, wakashindwa katika Mahakama ya Rufani mwaka 1999, hawajulikani hivyo. Na kabla ya hayo lilikuwako jambo la Mbiru. Mwezi wa Januari 1945 maelfu ya wanaume walishuka kutoka milimani, wakapiga kambi hapa Same, kwenye makao ya wilaya, kuikataa kodi mpya iliyokuwa ikikadiriwa kwa mali ya mtu. Walikaa kwa zamu, miezi kwa miezi. Mwaka 1946 wanawake wa Usangi nao walimwendea mkuu wa wilaya alipopanda kule, wakamwambia kwamba waume zao hawako nyumbani na kwamba ama aifute kodi ama awatunze wao. Hatimaye kodi ikafutwa. Profesa Isaria Kimambo, Mpare mwenzetu, aliliandikia jambo hilo kitabu, kilichotoka mwaka 1971, naye aliwahi kuwahoji walioshiriki.

Bibi yangu mzaa baba alikuwa msichana mkubwa wakati huo. Aliniambia alishuka Same mara mbili na chakula kichwani, na kwamba waliposhuka mara ya pili walikuta wanaume wamekwisha limaliza lile la kwanza siku nyingi, wanakula unga wa kukopa kwa Wahindi wa mjini, na baba yake akawagombeza kwa kuchelewa mbele ya watu wote. Alifariki mwaka 2011. Simu yangu wakati huo ilikuwa tayari na kamera, ila sikufikiri kumrekodi.

Mwalimu mlezi wa chama cha historia ameniambia kwamba shule imepata kinasa sauti na kamera ndogo ya video. Wenzangu mnaotoka Usangi, Ugweno, Chome, Mbaga na Mamba, mkija kwenye mkutano wetu wa Desemba, tafadhali njooni na majina ya wazee waliozaliwa kabla ya 1940 walio tayari kuzungumza. Vijana wa kidato cha tatu watawafuata majumbani wakati wa likizo. Waulizwe kwanza kama wanataka kuonekana, au sauti peke yake inatosha.